Kichochoro cha Pili

Kwa miaka kumi na mitatu Samiha alikuwa akikata na kuunga picha za watu wengine. Alianza na harusi za Likoni na Changamwe, kisha akaajiriwa na Lenox, mtayarishaji wa filamu aliyekuwa na studio ya vyumba viwili Bombolulu, juu ya duka la vyuma. Lenox alikuwa mtu wa bara, mwenye sauti kubwa na moyo usio mbaya, na filamu zake zote zilikuwa za mapanga. Kisauni ilikuwa imeteswa na magenge ya vijana, na watu, sijui kwa nini, walipenda kuyatazama kwenye simu yale yale yaliyowafungisha milango.

Mhariri ndiye wa kwanza kujua kwamba filamu haifai. Samiha alijua. Alificha panga la plastiki lililopinda, alifupisha vilio visivyokuwa vya kweli, akaziokoa filamu za Lenox moja baada ya nyingine, na jina lake likatokea mwisho kabisa, wakati watu wameshainuka.

Mwaka mmoja polisi waliomba studio iwasaidie kusafisha picha za kamera ya duka lililovamiwa. Vijana kumi na wawili, sekunde arubaini. Ndani ya sekunde hizo mzee mmoja aliyekuja kununua sabuni alikatwa bega. Hakupiga ukelele. Alilitazama bega lake kama mtu aliyeona doa kwenye kanzu, kisha akakaa chini taratibu, na sabuni bado i mkononi. Samiha alizirudia sekunde zile mpaka akazijua kama anavyojua Fatiha.

Wiki iliyofuata Lenox alimletea mapigano yake mapya. Mtu alikatwa, akaruka, akajibamiza ukutani huku akinguruma.

"Lenox," Samiha alisema, "wewe hujui mtu akikatwa huangukaje."

"Wewe wajua?"

"Najua."

"Basi inayokuja iongoze wewe. Nimechoka kuhukumiwa na mtu aliyekaa kitini."

Lenox alisema nusu kwa mzaha. Samiha aliichukua kauli yake nzima.

*

Mtu wa kwanza aliyemtafuta alikuwa Masha, kijana wa Kigiriama wa miaka ishirini na miwili aliyekuwa akinyoosha mabati ya magari kwenye gereji moja karibu na barabara kuu. Kila mtu gerejini alijua kwamba Masha aliwahi kuwa mwanagenge, kwamba alikaa ndani miezi minane kwa kosa la kushika silaha, na kwamba alipotoka hakurudi kwa wenzake. Samiha alimtaka awafundishe waigizaji tu. Lakini alipomuona akifundisha, akamwambia yeye ndiye atakayekuwa kiongozi wa genge katika filamu.

"Dada, mimi sijui kuigiza."

"Sitaki uigize."

Masha aliwafundisha wenzake sita kwa upole, kama mtu anayefundisha watoto kuvuka barabara. "Msikimbie mkiingia," aliwaambia. "Anayekimbia ni mwenye hofu. Sisi tulikuwa twatembea." Luqman, kijana mcheshi kuliko wote, aliuliza kama ni kweli wao walivuta bangi kwanza. Masha alicheka, kisha akaacha kucheka. "Wengine," akasema.

Samiha alijipanga vizuri. Alikwenda kwa mzee wa mtaa, akaandika barua, akaomba itangazwe msikitini na kwenye makanisa mawili kwamba Jumamosi saa kumi alasiri, katika kichochoro fulani cha Kisauni, watu wataona vijana na mapanga ya mbao, wasishtuke. Mapanga yenyewe yalichongwa kwa mti wa mkungu na kupakwa rangi ya fedha. Ukiyaona kwa hatua tatu hungejua kuwa si ya kweli.

Jumamosi ikafika. Na saa kumi ilipogonga, kivuli cha jengo jipya la ghorofa kilikuwa kimekifunika kichochoro kizima.

Samiha alitazama ndani ya kamera. Jicho la miaka kumi na mitatu likamwambia kwamba picha hii imekufa na hakuna atakayeifufua mezani. Akatembea mpaka penye tangi la maji, akachungulia upande wa pili. Kichochoro cha pili kilikuwa na jua katikati yake, jekundu kidogo, na vumbi likielea ndani yake.

"Tuhamie huku," aliita.

Kioko, mpiga picha, alikuja na kamera begani, bado inarekodi. "Huku hatujaambia watu, boss."

"Ni hatua arubaini tu. Kwa dakika kumi tumemaliza."

Masha alimsogelea. Alisema kwa sauti ya chini ili wenzake wasisikie. "Dada, si huku. Turudini kule kule."

"Kwa nini?"

Alikitazama kichochoro, akatazama viatu vyake. "Basi tu. Huku si pazuri."

Samiha alidhani ni ile hofu ya mwigizaji mgeni. Jua lilikuwa likishuka. "Masha," alisema, "simama pale nilipokwambia."

Masha akasimama.

*

Kioko aliisimamisha kamera juu ya miguu yake mitatu mdomoni mwa kichochoro. Samiha akainua mkono, akaushusha, na vijana saba wakaingia wakitembea, mapanga yakining'inia mapajani, Masha mbele.

Katikati ya kichochoro, mlangoni pake, mwanamke aitwaye Mwanasaumu alikuwa akikaanga viazi karai. Aliinua uso. Hakuiona kamera, maana ilikuwa mbali na jua lilikuwa machoni mwake. Alimuona Masha.

Mwaka mmoja na nusu kabla ya siku hiyo, wakati kama huo wa alasiri, genge lilipita mlangoni hapo hapo. Mumewe, Suleiman, alikuwa fundi cherehani, na cherehani ilikuwa nje barazani. Walipoishika, aliikumbatia. Kijana mmoja alimkata kifundo cha mkono wa kulia, mara moja tu, na kiganja kikabaki kikining'inia kwa ngozi. Hospitali wakakimalizia. Mwanasaumu aliwaeleza polisi sura ya kijana yule mara tatu, na hakuna aliyeshtakiwa.

Sasa sura ile ilikuwa inakuja, na panga, kwa mwendo ule ule.

Hakupiga kelele. Alilishika karai la mafuta kwa kanga yake, akainuka, akalimwaga mbele kwa nguvu zote. Masha alijikunja pembeni. Mafuta yalimpata Luqman aliyekuwa nyuma yake, shingoni na kifuani. Luqman aliguta, akaivua fulana, na ngozi ikaja na fulana.

Hapo ndipo Mwanasaumu alipopaza sauti. "Wamerudi! Jamani, wamerudi!"

Milango ikafunguka yote kwa pamoja, kama iliyokuwa ikingojea. Wanaume walitoka na nondo, wanawake na michi, mzee mmoja na panga la kweli la kufulia nazi. Waigizaji walitupa mbao zao chini. "Filamu! Ni filamu jamani!" Hakuna aliyesikia, au waliosikia hawakuamini. Kijana mmoja alipigwa mchi wa mgongo akatambaa kwa tumbo mpaka chini ya ua wa mabati, akatokea upande wa pili na sikio limechanika. Wengine waliruka kuta. Samiha alijitosa katikati akiwa amenyoosha mikono, akilia "Mimi ndiye mwenye kazi! Niulizeni mimi!" na ubao ukamjia mdomoni. Alianguka chali. Meno mawili yalikuwa juu ya ulimi wake, akayatema mkononi na kuyashangaa.

Kioko alikimbia. Kamera haikukimbia.

Masha naye hakukimbia. Angeweza, ukuta ulikuwa mfupi. Lakini Suleiman alikuwa ametoka mlangoni, mkono wa kulia wa shati umefungwa fundo penye kifundo, na Masha alipomuona alilaza panga lake chini, akapiga magoti.

"Baba," alisema. "Baba, ni mimi. Nisamehe."

Mtu alimpiga nondo ya goti, na goti likasikika likivunjika. Masha alianguka kiubavu, akajiinua kwa viwiko, akapiga magoti tena kwa goti moja. Wa pili akampiga mgongoni.

"Mwacheni," alisema Suleiman. "Huyu ni wangu."

Katika mkono wa kushoto alikuwa na pasi ya makaa, ile nzito ya chuma ya mafundi, yenye moto ndani. Aliiinua juu na kuishusha kichwani mwa Masha. Kifuniko kikafunguka, makaa yakamwagika juu ya mabega ya kijana na juu ya miguu ya Suleiman mwenyewe, naye hakuisogeza miguu. Akapiga tena. Mara ya tatu hakukuwa na kitu kilichosimama cha kupiga, akainama ndipo akapiga.

Mafuta yalikuwa bado yakichemka vumbini. Mzee wa panga la nazi aliokota moja ya mapanga ya vijana, akaliweka gotini, likavunjika mara moja, jeupe ndani.

"Ni mti," alisema. Alimuonyesha jirani yake. "Tazama. Ni mti mtupu."

Masha alifariki ndani ya tuktuk kabla hawajafika hospitali, kichwa chake kikiwa mapajani mwa Samiha. Luqman alikuwa kando yao, akiuliza njia nzima, "Masha mbona hasemi? Masha mbona hasemi?"

*

Asubuhi ya pili watu watatu walikaa studio mbele ya kompyuta: Samiha mwenye nyuzi nne mdomoni, Kioko aliyerudi usiku kuichukua kamera yake, na Lenox. Waliitazama picha nzima, dakika kumi na mbili.

Ilipokwisha Lenox alivuta pumzi. "Mungu anisamehe," alisema. "Lakini hii, Samiha, hii dunia nzima itaitazama. Tukiitia mwisho wa filamu..."

"Toka nje."

"Studio ni yangu."

"Basi nitatoka mimi. Lakini nikitoka natoka nayo."

Lenox akatoka, akaufunga mlango kwa kishindo.

Polisi walikuwa wametaka picha ile ifikishwe kituoni kabla ya saa nane mchana. Kioko alikuna kidevu. "Boss, uwape. Lakini anzia wanapoingia kichochoroni. Hapo mwanzo, anapokwambia si huku nawe unamwambia asimame... hapo panakumaliza wewe."

Kioko alipoondoka, Samiha alifungua programu ya kuhariri. Akatafuta mahali pazuri, akapapata: dakika ya nne, Kioko anapoiweka kamera juu ya miguu yake, picha inatikisika kidogo kisha inatulia. Akakata hapo. Ulikuwa mkato safi kuliko yote aliyowahi kukata. Hakuna hakimu wala wakili ambaye angejua kwamba kulikuwa na kitu kabla yake. Akaihifadhi picha iliyofupishwa, akainakili kwenye flashi, akaitia mkobani, akavaa buibui.

Mlango ukabishwa. Aliyeingia alikuwa mwanamke mwembamba, amejifunga leso mbili, kiatu kimoja kimekatika ukanda. Alikuwa Kadzo, mama yake Masha.

"Shikamoo, mama," Samiha alisema, na mdomo ukamuuma.

Kadzo hakuitikia. "Nasikia pana picha. Nataka kumuona mwanangu."

"Mama, wallahi, usiitazame."

"Nimemzaa na nimemuosha. Nitamtazama."

Samiha aliifungua ile fupi. Kadzo alitazama bila kupepesa tangu vijana wanaingia mpaka panga la mti linavunjika. Kisha akauliza, "Na kabla ya hapo? Alikuwa akifanyani? Alisemaje?"

Ulikuwa ni wakati wa kusema hakuna. Samiha alikaa na mkono juu ya meza. Akafungua picha nzima.

Masha alikuwa amekaa juu ya ndoo iliyofunikwa, anakula mahamri, anamuonyesha Luqman namna ya kushika panga, Luqman anashika vibaya makusudi, na Masha anacheka mpaka makombo yanamtoka. Kisha tangi la maji. Kisha sauti yake ya chini: Dada, si huku.

Kadzo aligeuka. "Alikwambia."

"Aliniambia, mama."

"Nawe?"

Jibu lilitoka kwenye kompyuta kwa sauti ya Samiha mwenyewe.

Kadzo alimpiga kofi. Alilipiga pale pale penye nyuzi, na damu ikatoka ikashuka kidevuni hadi shingoni. Samiha hakujifuta. Chini, mtu alikuwa akikata chuma kwa msumeno.

"Irudishe," Kadzo alisema mwishowe. "Pale alipocheka."

Aliirudisha mara nne.

Saa saba na nusu Samiha alifika kituoni mdomo ukiwa bado unatoka damu, akaweka kadi ya kamera juu ya meza, nzima, haijaguswa.

*

Suleiman na wanaume wengine wawili walishtakiwa. Siku ambayo Samiha alitoa ushahidi, wakili wa Suleiman aliomba picha ichezwe tangu mwanzo, kisha akauliza, "Ni nani aliyemleta marehemu mlangoni kwa mteja wangu?"

"Ni mimi."

"Alikuonya?"

"Alinionya."

Suleiman alipopewa nafasi ya kusema, alisema maneno machache. "Sikumuua mwigizaji. Mimi sikujua kama pana mwigizaji. Nilimuona aliyenikata." Kisha akaongeza, kama aliyekumbuka jambo nyumbani: "Aliniita baba. Hilo nililisikia."

Alifungwa miaka saba kwa kuua bila kukusudia. Wenzake walipewa miwili miwili.

Mahakama haikumshtaki Samiha, lakini mtaa ulimshtaki. Kwa watu wa kichochoroni alikuwa mwanamke aliyewaletea genge kisha akawapeleka waliojitetea kwa polisi. Dirisha la chumba alichopanga Bombolulu lilivunjwa mara mbili, na mara ya pili jiwe lilikuwa limefungwa kitambaa kinachowaka. Alihamia Changamwe, chumba kilicho karibu na uwanja wa ndege. Lenox hakumrudisha kazini, naye hakuomba. Alirudia kazi za harusi kama zamani, akakata na kuunga, na asubuhi kabla ya kazi akaandika.

Aliandika filamu ya watu wawili, fundi na kijana. Hakuna mtayarishaji aliyeitaka. Mmoja alitaka fundi awe shujaa, mwingine alitaka kijana awe malaika. Basi akaitayarisha mwenyewe. Alisajili kampuni kwa jina lake, akamuomba Kioko apige picha, na Kioko, ambaye tangu siku ile hakuwahi kumtazama machoni, akasema, "Nitakuja. Na safari hii sitakimbia, hata iweje." Luqman, mwenye shingo iliyokunjamana kama karatasi iliyolowa, ndiye aliyeomba amwigize Masha. Kadzo alikubali kwa neno moja: "Acheke."

Aliyebaki ni Mwanasaumu. Samiha alikwenda mlangoni kwake. Mara ya kwanza alimwagiwa maji ya vyombo. Mara ya pili alifungiwa mlango, akasimama nje kutwa nzima, na watoto wakamrushia kokwa za maembe. Mara ya tatu Mwanasaumu alimkuta amekaa barazani, mahali pa cherehani.

"Wewe huchoki?" Mwanasaumu aliuliza.

"Nachoka, dada."

"Sitaki filamu yako. Ningeweza kuichoma ningeichoma." Aliketi upande wa pili wa baraza, mbali. Aliyakaza macho ukutani. "Kule mahakamani picha yenu ilianza na yule mtoto anacheka. Watu wote wakamuonea huruma. Mume wangu akaingia mwisho, na pasi mkononi. Nani atamhurumia mtu anayeingia mwisho na pasi mkononi?"

Kwa miaka yote ya kazi ya Samiha hakuna aliyewahi kumwambia neno la ukweli zaidi kuhusu kuhariri.

"Ukiifanya," alisema Mwanasaumu, "anza na mkono wake. Kabla watu hawajamuona na pasi, wamuone na mkono. Akitia uzi kwenye sindano. Na siku mtakapopiga picha za kukatwa niwepo nitazame, usije ukadanganya."

Siku hiyo ilikuja Jumanne moja saa tatu ya asubuhi, katika ua wa nyumba Changamwe waliokuwa wameugeuza kichochoro. Safari hii Samiha na Kioko walibisha mlango baada ya mlango mpaka barabara kuu. Ndege zilipita juu, na kila ilipopita moja walisimama wakangoja. Mwanasaumu alikuja amevaa buibui lake la kutokea, akapewa kiti kando ya kamera.

Mwigizaji aliyekuwa fundi aliikumbatia cherehani. Luqman akaja akitembea. Panga likashuka, mfuko wa rangi ukapasuka chini ya shati, damu ikaruka juu ya kitambaa cheupe kilichokuwa chini ya sindano.

Mwanasaumu aliinuka. Alitembea mpaka ukutani, akauegemea kwa mkono mmoja, akatapika. Samiha alimfuata na kopo la maji, bila kumgusa.

"Tuache, dada? Wallahi naweza kuacha."

Mwanasaumu alisukutua, akatema, akajifuta kwa ncha ya mtandio. Macho yake yalikuwa mekundu.

"Alianguka upande wa mlango," alisema. "Si upande wa njia. Mimi nilikuwa nje, akataka kuingia ndani nisimuone." Akarudi kitini kwake, akaketi, akaiweka mikono yake mapajani. "Mwambie aanguke upande wa mlango."

Samiha akamwendea mwigizaji, akamuonyesha mlango, na wakaanza upya.